Gemu ilikua inachukua dakika nne kulodi, mi nikawa namlaumu asiyehusika

Wakuu, nianze na aibu yangu mwenyewe. Kwa muda mrefu nilikua na mazoea, nikitaka kucheza Civilization VI, ile gemu ya mkakati ya kujenga himaya kwa zamu, nabonyeza sevu yangu (gemu niliyoihifadhi) alafu naondoka. Sibaki pale. Naenda kukunja nguo, nakunja shati mbili tatu na suruali, narudi nakuta picha ya kiongozi wangu bado imenitolea macho kwenye skrini, narudi tena kwenye nguo. Siku moja nikasema hapana, hii ngoja niipime, nikawasha saa ya kuhesabu sekunde kwenye simu, ikaja dakika 4 na sekunde 11 tangu kubonyeza mpaka ramani itokee. Dakika nne! Na hapo hujahesabu muda wa gemu yenyewe kufunguka mpaka ufike kwenye menyu.

Sa nikafanya kile ambacho nadhani wengi tunafanya. Nikaingia kwenye seting za grafiksi nikashusha kila kitu mpaka chini. Vivuli nikazima, maji chini, tekscha (picha zinazovalishwa ardhi na vitu) chini, majani na vichaka nikaondoa, ramani ikawa kama imechorwa na mtoto kwa kalamu za rangi. Nikapima tena. Dakika 4 na sekunde 3. Yaani nimeichakaza gemu sura yote ili niokoe sekunde nane, na hizo nane zenyewe pengine ni kidole changu tu kilichelewa kubonyeza saa.

Hapo ndo nikaanza kushtuka kwamba nina mgonjwa mwenye magonjwa matatu na mi namnywesha dawa moja. Kwenye gemu za mkakati kuna kulodi, ambako kunahusu diski, RAM (kumbukumbu ya muda ya kompyuta) na prosesa kufungua mafaili. Kuna fremu, yaani ramani kusogea kwa ulaini au kwa kukatakata, hapo ndo kadi ya grafiksi inahusika. Alafu kuna zamu, ule muda unaobonyeza kumaliza zamu yako ukasubiri kompyuta icheze za wengine wote, na hiyo ni kazi ya prosesa karibu peke yake. Wote watatu mdomoni mwetu wana jina moja, "gemu ni nzito". Kwa hiyo mtu anaenda kununua kadi mpya ya grafiksi kutibu zamu ndefu, anafika nyumbani, zamu ziko vilevile, ila sasa anasubiri akiangalia maji yanayong'aa vizuri.

Kwa hiyo kabla hujagusa chochote, pima. Najua inachosha kusoma hii, kila mtu anataka aambiwe bonyeza hapa, lakini bila namba utakua unatwanga maji kwenye kinu. Mi nilichukua sevu moja tu, ya zamu ya 240, nikaiita "kipimo", na kila nikibadilisha kitu nawasha upya kompyuta alafu nalodi ileile. Kuwasha upya ni muhimu sana, kwa sababu ukifungua gemu mara ya pili bila kuzima, Windows inakua imeshayaweka mafaili mengi kwenye RAM, utaona muda umepungua utashangilia kumbe hujafanya kitu, ni mabaki ya mara ya kwanza. Mi nilishangilia hivyo mara mbili. Kwa upande wa zamu Civilization VI ina kipimo chake ndani ya menyu, viko viwili, kimoja cha grafiksi na kimoja cha AI, yaani wachezaji wa kompyuta, na hicho cha AI kinakupa wastani wa sekunde ambazo zamu moja inachukua, kizuri sana na watu wengi hata hawajui kipo.

Alafu fungua Task Manager kwa Ctrl, Shift na Esc, iache nyuma wakati gemu inalodi, angalia nani anahema. Kwangu mi diski ilikua imekaa asilimia 100 muda wote, prosesa asilimia 18, kadi ya grafiksi inasinzia. Mchawi kajitaja mwenyewe.

Ila hapa kuna mtego ulinikamata na nimeona unakamata wengi. Ukiona prosesa iko asilimia 13 usidhani inapumzika. Prosesa ya laptop yangu ina kore nne, yaani vitengo vinne vya kufanya kazi, zinazofanya kazi kama nane, kwa hiyo asilimia 100 ya Task Manager ni zote nane zikikimbia kwa pamoja. Ukigawa 100 kwa nane unapata 12.5. Sasa kama kazi ya gemu imekalia kore moja tu na hiyo moja inatoka jasho mpaka mwisho, wewe kwenye skrini utaona asilimia 13 tu, utasema mbona prosesa iko huru, kumbe mmoja anabeba gunia na wenzake saba wamekaa kivulini wanamwangalia. Bonyeza kulia kwenye lile grafu uchague kuonyesha kila kore peke yake, ingawa hata hapo Windows inapenda kuihamisha kazi kutoka kore moja kwenda nyingine kwa hiyo picha inakua imetawanyika. Kwa kifupi, kwenye mashine ya nane, namba yoyote inayong'ang'ania 12, 13, 14 na haisogei, ishuku.

Haya, kulodi.

Diski yangu ilikua ile ya kuzunguka, ya laptop, mizunguko 5400 kwa dakika. Nilikua nasikia watu wanasema diski ya hivyo (hard disk) ni polepole nikawa nachukulia tu kama maneno ya wauzaji, mpaka siku nilipokaa na kikokotoo. 5400 kwa dakika ni mizunguko 90 kwa sekunde. Ikitafuta kitu, kwa wastani inabidi isubiri nusu mzunguko ndo kipande kifike chini ya kile kichwa cha kusomea, hiyo ni kama milisekunde 5 na nusu, na kabla ya hapo kichwa chenyewe kimetembea kwenda kwenye mstari husika, tuseme milisekunde 12. Jumla 17 na ushee kwa kila mruko. Ina maana kwenye sekunde nzima inaruka kama mara 57 tu basi. Sasa gemu ya mkakati haina faili moja kubwa lililonyooka, ina vifaili vidogo maelfu, ikoni, sauti, maandishi ya sheria, michoro ya kila askari, na kama vinahitaji miruko 5,000 basi gawa mwenyewe, ni karibu dakika moja na nusu ya kuruka tu hata hatujaanza kusoma. Ndo maana ukiweka sikio kwenye laptop unasikia ile krr krr krr. SSD, diski ya kisasa ya chipu tupu, haina kitu kinachozunguka, mruko mmoja ni kama sehemu ya kumi ya milisekunde, miruko 5,000 ni nusu sekunde.

Nikabadilisha. Nikaweka SSD ya SATA, ile inayochomekwa kwa njia ya kawaida ya diski, nikahamisha gemu, sevu ileile ya kipimo ikaja sekunde 58. Sikuamini nikarudia mara tatu. Kama kuna kitu kimoja tu unaweza kufanya kwenye kompyuta ya zamani na usifanye kingine, ni hiki, na mi sitakuzungusha. Hata kama huwezi kuweka Windows nzima kwenye SSD, weka gemu peke yake, Steam inakuruhusu kuhamisha gemu kutoka diski moja kwenda nyingine bila kuishusha upya.

Sasa hapa ndo watu wanapotea tena. Mtu anaona SATA ina mwisho wa kama megabaiti 550 kwa sekunde, alafu NVMe ya kawaida, aina ya SSD ya kasi zaidi, inafika 3,500, anapiga hesabu kwamba sekunde 58 zitakua tisa. Hazitakua. Nilijaribu kwenye kompyuta nyingine yenye NVMe na prosesa inayokaribiana na yangu, tofauti ilikua sekunde chache sana, na sababu ni kwamba diski ikishaacha kuwa mchawi anatokea mwingine, ambaye ni prosesa. Mafaili mengi ya gemu yamebanwa, lazima yafumuliwe, alafu kuna mafaili ya maandishi yenye sheria zote za gemu ambayo inabidi yasomwe mstari kwa mstari, alafu dunia nzima ya sevu yako ijengwe upya, kila mji, kila barabara, kila askari, na sehemu kubwa ya hiyo kazi inakalia kore moja.

Kuna kisa cha mwaka 2021 nakipenda sana kuhusu hili, japo sio gemu ya mkakati. Mtu mmoja alichoka kusubiri gemu maarufu ya mtandaoni ambayo kwake ilikua inalodi kama dakika 6, akaichimba ndani kuona inafanya nini muda wote huo. Kumbe ilikua inasoma faili la maandishi la megabaiti 10 hivi, lenye orodha ya vitu kama 63,000, na kila ikisoma kitu kimoja inahesabu upya urefu wa maandishi yote yaliyobaki mpaka mwisho, alafu inasoma cha pili, inahesabu tena. Alafu kabla ya kukiweka kila kitu kwenye orodha inakagua kama hakipo tayari kwa kupita orodha nzima kuanzia juu. Akatengeneza kiraka chake mwenyewe, ikashuka chini ya dakika 2, na wenye gemu wakakubali wakatoa apdeti. Miaka yote hiyo watu walikua wananunua SSD za kasi kutibu kitu ambacho hakikua na uhusiano wowote na diski. Kwa hiyo ukiona diski imetulia na bado inalodi taratibu, jua kuna vitu wewe mchezaji huvifikii, subiri apdeti.

RAM nayo. Nilikua na gigabaiti 8 na tabia mbaya ya kuacha brauza wazi na tabo ishirini na kitu. Gemu ikihitaji nafasi na nafasi haipo, Windows inachukua vitu inavyoona havitumiki inavitupa kwenye diski, alafu vikihitajika inavirudisha. Kama diski yenyewe ni ile ya kuzunguka basi umekwisha, unajikuta umebonyeza mji mmoja na gemu imeganda sekunde tano. Kufunga brauza tu kabla ya kulodi kulinipunguzia sekunde nyingi kuliko seting zote za grafiksi nilizochezea siku ile ya kwanza, na hiyo ni bure.

Antivairasi ni jingine. Kila faili linalofunguliwa linakaguliwa kwanza, na tumeshasema gemu ina vifaili maelfu. Unaweza kuiambia iiruke folda ya gemu, kwenye Windows ipo sehemu ya kuongeza folda zisizokaguliwa. Ila ifanye kama gemu umeitoa sehemu halali, na usiruke diski nzima, ruka folda ileile tu. Kama gemu ni ya kuokotaokota huko mtandaoni, acha antivairasi ifanye kazi yake, sekunde sita hazina thamani ya akaunti zako zote.

Modi, yaani nyongeza za gemu zinazotengenezwa na wachezaji. Hapa nitasema ukweli mchungu, mi nilikua na modi 41. Nyingine hata sikumbuki zilikua zinafanya nini. Kila modi inaongeza mafaili ya kusoma na sheria za kupachika juu ya sheria, na zile zinazoongeza viongozi wapya na michoro yao ndo nzito zaidi. Nilizima zote, nikapima, nikarudisha nusu, nikapima, nikarudisha robo, hivyohivyo mpaka nikamkamata mmoja ambaye peke yake alikua anakula sekunde 9 kwa ajili ya kubadilisha rangi za ikoni. Rangi za ikoni! Kumbuka tu kwamba sevu iliyoanzishwa na modi fulani mara nyingi haitaki kufunguka bila hiyo modi, kwa hiyo fanya usafi kabla ya kuanza gemu mpya, sio katikati ya vita.

Vitu vidogo nipite haraka. Video ya mwanzo unaweza kuizima, kwenye Civilization VI kuna faili la seting linaitwa AppOptions.txt, lisake kwenye kompyuta yako, ndani yake tafuta PlayIntroVideo ubadilishe 1 iwe 0, hifadhi, na faili la awali liweke kopi pembeni. Ukishaapdeti draiva ya kadi, mara ya kwanza gemu itakua nzito na itakatakata kwa sababu inatengeneza upya kache ya sheda (akiba ya vijiprogramu vya kuchorea vya kadi), usiogope na usianze kufuta vitu, cheza kidogo itatulia. Na zile programu za "kusafisha RAM" au kuifanya gemu "ipae", achana nazo, nyingi zinachukua vitu vilivyokua tayari kwenye RAM zinavitupa, alafu gemu inalazimika kuvisoma upya. Yaani unalipia kupunguzwa kasi.

Tuje kwenye grafiksi, na hapa pia nilikua na ujinga wangu.

Laptop yangu ina kadi mbili, ile iliyomo ndani ya prosesa na ile ya pembeni yenye kumbukumbu yake ya gigabaiti 2. Miezi mingi nilikua nacheza kwa kadi ndogo ya ndani ya prosesa bila kujua. Kadi kubwa ipo, inakula tu usingizi. Niligundua kwa ileile Task Manager, GPU 0 iko asilimia 99 na GPU 1 iko sifuri. Tiba yake ni kuingia kwenye Settings, System, Display, alafu Graphics, unaongeza gemu kwenye orodha unachagua itumie kadi yenye nguvu. Dakika moja. Sikulala vizuri siku ile kwa hasira. Na hakikisha chaja imechomekwa, laptop nyingi zikiwa kwenye betri zinajifunga breki zenyewe, utahangaika na seting bure.

Kama kompyuta yako haina kadi ya pembeni kabisa, inatumia ile ya ndani tu, basi sikiliza hili maana wengi hawaambiwi. Kadi ya ndani haina kumbukumbu yake, inakopa RAM ya kawaida, kwa hiyo kasi ya RAM ndo kasi ya grafiksi zako. Kipande kimoja cha RAM ya aina ya DDR4 ya kasi ya 2400 kinapitisha gigabaiti 19.2 kwa sekunde. Vipande viwili vikifanya kazi sambamba vinapitisha 38.4. Mdogo wangu alikua na kipande kimoja cha 8, tukafungua chini tukakuta nafasi ya pili iko wazi, safi, haijawahi kuguswa tangu kiwandani, tukaweka kingine cha aina ileile na ramani ambayo ilikua inasogea kwa kurukaruka ikawa inateleza. Hakubadilisha kingine chochote. Mi naona ni bora ufungue uangalie nafasi ngapi unazo kabla hujaanza kuchukia kompyuta yako.

Seting zenyewe sasa. Civilization VI ina mistari miwili juu kabisa ya ukurasa wa grafiksi, mmoja unahusu mzigo kwa kadi na mwingine unahusu kumbukumbu, na huo utenganisho ni wa maana sana, sijui kwa nini watu wanaisukuma yote kwa pamoja kama pacha. Tekscha zinakula kumbukumbu ya kadi. Zikitosha humo, haziipunguzii kadi kasi yoyote ya maana, unaweza kuziweka juu na fremu zisibadilike. Zisipotosha ndo balaa, zinamwagikia kwenye RAM ya kawaida na kila ukisogeza ramani kwenda bara jingine inakatika, inakatika. Kwa gigabaiti 2 mi niliweka katikati ikatosha.

Kinachoua kadi ni vingine. Vivuli ndo namba moja, kwa sababu ili kuchora kivuli gemu inabidi ichore dunia kwa mara nyingine ikitazama kutokea lilipo jua, alafu ndo ikuchoree wewe. Kwenye gemu ya kutazama kutoka juu na vitu mia tano kwenye skrini hiyo sio kazi ndogo. Baadae maakisi ya kwenye maji, alafu MSAA ile ya kulainisha kingo, ukiiweka 8 unaumiza kadi ndogo bila sababu, 2 inatosha au zima kabisa. Viongozi wanaocheza cheza wakati wa mazungumzo weka chini wawe picha tu, mi nilishachoka kuwasikiliza zamani.

Rezolusheni ndo rungu. 1920 kwa 1080 ni pikseli 2,073,600. 1600 kwa 900 ni 1,440,000, umeondoa karibu theluthi moja ya kazi kwa kubonyeza mara moja. Lakini kwenye gemu ya mkakati mi huwa nashusha hii mwisho kabisa, kwa sababu gemu hizi ni za kusoma, maandishi madogo, namba, ikoni, na ukishusha maandishi yanakua na ukungu, baada ya saa moja macho yanauma. Heri nicheze bila vivuli nione namba zangu vizuri. Kwenye gemu ya kupiga risasi ningesema tofauti.

Alafu hili la fremu nyingi. Hii ni gemu ya zamu jamani, hakuna anayekupiga risasi ukichelewa milisekunde 10. Wengine wanaiacha kadi ikimbie fremu (picha) 140 kwa sekunde kwenye ramani iliyotulia tuli, mtu anafikiria ajenge ghala au soko, feni inalia kama ndege inataka kuruka. Funga kwenye 40 au hata 30, kwa programu ya draiva ya kadi yako. Kwenye laptop hii ina faida ya pili ambayo ni kubwa kuliko ya kwanza, kwa sababu prosesa na kadi mara nyingi vinapozwa na chuma kimoja, kadi ikichemka inamchemsha na prosesa, prosesa ikifika kwenye nyuzi 95, 100 hivi inajipunguza kasi yenyewe isiungue, na prosesa ikipungua kasi zamu zinarefuka. Umeona mzunguko ulivyo? Unaongeza fremu usizozihitaji, unalipa kwa zamu.

Na joto lenyewe, nilipofungua laptop nilikuta kitu sikukitegemea. Nilidhani nitaona vumbi vumbi tu. Kati ya feni na zile sahani nyembamba za chuma kulikua na kipande cha vumbi kilichoshikamana kama blanketi, cha kijivu, unaweza kukishika kwa vidole viwili ukakivuta kikatoka kizima. Feni ilikua inapuliza kwenye ukuta. Kama utafanya hii, zima kabisa, chomoa betri, na ukipuliza ishike feni kwa kidole isizunguke kwa kasi ya upepo maana unaweza kuiharibu. Nilibadilisha pia ile pesti inayopakwa kati ya prosesa na chuma, ya zamani ilikua imekauka kama tope la kiangazi. Joto likatoka 97 likaja 81, na gemu ambayo ilikua inaanza vizuri alafu baada ya dakika ishirini inakua nzito, ikaacha hiyo tabia. Nilishamwonyesha fundi kabla ya hapo, akanambia kadi imechoka. Haikua imechoka, ilikua inakosa hewa.

Zamu sasa, na hapa habari sio nzuri sana, kwa sababu hakuna seting ya grafiksi itakayokuokoa.

Ramani kubwa kabisa ya Civilization VI ni 106 kwa 66, yaani pembesita 6,996, na kwa kawaida inakuja na wachezaji 12. Ya kawaida ni 84 kwa 54, ni 4,536, wachezaji 8. Ndogo ni 74 kwa 46, ni 3,404, wachezaji 6. Ukitazama haraka unaona kubwa ni kama mara mbili tu ya ndogo, lakini kazi haiongezeki hivyo. Kila mchezaji wa kompyuta anafikiria kila mji wake na kila askari wake, anatafuta njia kwenye ramani ambayo nayo ni kubwa zaidi, na anawapima wenzake wote mmoja mmoja. Wachezaji 6 wana jozi 15 za kuangaliana, wachezaji 12 wana jozi 66. Na kwa kiasi kikubwa wanacheza kwa foleni, wa tatu hawezi kuamua kabla wa pili hajasogeza jeshi lake, ndo maana kore zako nyingi hazisaidii kama unavyotarajia. Zamu ya 20 hutasikia kitu. Zamu ya 250 kila mmoja ana miji kumi na jeshi, hapo ndo unaanza kukunja nguo tena.

Kinachosaidia kweli ni kuchagua mwanzoni. Chagua ramani ya kawaida, au chukua kubwa lakini punguza wachezaji wawe 8, na miji huru (city-states) nayo ipunguze kwa sababu nayo inacheza zamu. Ukiwa tayari umeshaingia, washa Quick Movement na Quick Combat ili usitazame kila mshale unaorushwa na watu usiowajua, hizo animesheni nazo zinakula sekunde nyingi. Na angalia kusevu kwa moja kwa moja, ikiwa ni kila zamu basi mwishoni mwa gemu kila zamu unalipia kuandika sevu nzima, weka kila zamu 5. Mi nimeweka 5 baada ya kuweka 10 na umeme ukakatika zamu ya tisa. Kuna pia ule mtazamo wa ramani bapa ya vigae, sio mzuri wa sura lakini kadi inapumua na, kusema kweli, wakati wa vita naona vizuri zaidi.

Ile sevu ya kipimo bado ninayo, ramani kubwa, wachezaji 12, na sasa inalodi sekunde 44. Zamu zake bado ni ndefu maana ramani huwezi kuipunguza katikati ya gemu. Lakini wachezaji unaweza. Nimeshawaondoa watatu wa kusini na kila mmoja anapotoka nasikia zamu inafupika, kwa hiyo sasa hivi nakusanya meli kwenda kwa yule wa kisiwani mwenye miji kumi na nne, ambaye hajanikosea kitu, shida yake anafikiria sana.